Mkono wa Kushoto wa Mama

Waliokuwapo siku ile pale Kalenga nawakumbuka wote, mwanangu: mimi, wadogo zangu Yohana na Yusta, shangazi yetu Maria, na Ndugu Ambakisye, mpiga filamu kutoka Iyunga, Mbeya, aliyekuja na kamera ya kuazima. Mwaka wenyewe umenitoka. Ilikuwa katikati ya miaka ya sabini.

Filamu yake haikuwa ya ngoma wala ya mashujaa. Alitaka kujua watu wanawabebaje waliokufa katika kumbukumbu zao. Aliposikia kwamba sisi ni yatima, na kwamba niliacha shule darasa la tano ili niwalee wenzangu, akatuomba jambo geni: kila mmoja aoneshe mama alivyosonga ugali. Bila chungu, bila mwiko.

"Nataka mikono ikumbuke," alisema.

Nikaanza mimi. Yohana akacheka, "Dada, punguza moto, hewa itaungua!" Zamu yake ilipofika, akasonga vilevile kama mimi.

Yusta, ambaye mama alimwacha na miaka minne, alifumba macho. Akasonga kwa mkono wa kushoto.

Niliona aibu. Kwetu mkono huo haukuwa wa kupikia watu. Nikajiambia samaki hukunjwa angali mbichi, nikamshika mkono kamera ikiendelea kupiga.

"Sivyo! Tumia wa kulia."

"Lakini dada, mimi nilimwona..."

"Ulimwona wapi, nawe ulikuwa wa kubebwa?"

Akahamisha mkono. Hicho ndicho kilichopigwa, na mkanda ukaishia hapo.

Shangazi alingoja mgeni aende kufunga vifaa vyake, akaniita kando peke yangu. Hakupandisha sauti.

"Mama yenu alikuwa wa mkono wa kushoto. Mbele ya wakwe alijilazimisha wa kulia. Mimi wifi yake nilimfuma siku moja, akaniomba ninyamaze. Wewe alikuwa akikutuma maji. Yusta alikuwa mgongoni, akichungulia begani. Leo umemnyang'anya."

Nilikuwa na miaka kumi na tisa, na kiburi cha mlezi. Nikasema nitamwambia Yusta kesho. Kesho, mwanangu, haina mwenyewe.

Kuishi kwingi ni kuona mengi, lakini si kuona yote. Marehemu harithiwi kwa kufuata nani alizaliwa kwanza. Mdogo wako akisema "nilimwona", mwache amalize, hata kama anayoyasema yanakutia haya. Na ukimkosea, kiri kabla jua halijatua, maana neno la kuomba radhi likilala huwa zito kuamka. Mungu akupe masikio mapana kuliko mdomo, na akutunzie ndugu zako.

Mimi deni langu sijalilipa. Yusta aliolewa Ubaruku. Kila mavuno huniletea mchele, nami humfungia mahindi. Tunaongea mengi. Wajukuu wakimuuliza mama yetu alikuwaje, huendelea kupika kwa mkono wake wa kulia na kusema, "Muulizeni dada yangu. Mimi simkumbuki."

Nao huja kwangu, nami huwajibu, nisiutaje mkono wa kushoto.