Mume Anayerudi Mapema

Saa tatu asubuhi, katika nyumba ya kupanga pembezoni mwa Tokyo, Mineo Kuwabara amesimama nje ya mlango, begi la kazini kwapani. Ndani, wapenzi wawili wa kwenye filamu wamejifunika shuka. Anapewa ishara, anafungua.

"Nimerudi!"

Mayowe. Kijana anatorokea dirishani. Mwongozaji, Bi Sayoko Ibe, hajaridhika.

"Mzee, mbona unaingia kama mgeni? Hapa ni kwako!"

"Kwangu gani, na kuna dume kitandani?"

Wapiga picha wanaangua kicheko. Wanarudia.

Kwa miaka thelathini na mmoja, Kuwabara, 61, amekuwa mume wa kusalitiwa katika filamu za watu wazima. Wengi hudhani kazi yake ni ya kuvua nguo. Wapi!

"Ninachovua mimi ni viatu, tena pale mlangoni," anasema. "Lakini mume asiporudi, nani ataogopwa? Hadithi inakosa chumvi."

Siku ya kazi humpa yeni elfu thelathini, na kuna miezi haitwi kabisa. Hapo huosha vyombo kwenye mgahawa wa tambi. Hilo halimuumi. Linalomuuma ni lile neno lake.

Nyumbani kwake, kama kwa majirani wote, anayeingia husema "Nimerudi", na aliye ndani hujibu "Karibu nyumbani". Binti yake, Chigusa, alipokuwa na miaka kumi na minne, wanafunzi wenzake waliona bango la filamu lenye sura ya baba yake. Kesho yake alipoingia darasani walimpokea kwa sauti nzito: "Nimerudi!"

"Jioni ile aliingia nyumbani kimya," anasema Fumie, mke wa Kuwabara. "Neno hilo hajalisema tena mpaka leo."

Chigusa ameolewa Fukuoka. Huja mwaka mpya tu, na huwasalimia wazazi akiwa ameshaketi.

Wiki iliyopita alipiga simu. Ni mjamzito, na anataka kujifungulia kwao, kama mabinti wengi wafanyavyo.

"Nilimwambia, 'Mwanangu, huko si kuna hospitali nzuri?' Akanijibu, 'Baba, nataka kuja nyumbani,'" anasema Kuwabara.

Amemwomba Bi Ibe asimpangie kazi Jumamosi ambayo Chigusa atafika. Taa ya mlangoni, iliyoungua tangu masika, ameshaibadilisha.

Na Chigusa akiingia kimya?

Kuwabara anajifuta poda usoni, polepole.

"Neno lile nimelisema mimi vya kutosha, kwa wote wawili. Safari hii nitakuwa ndani, kazi yangu ni kujibu. Asiposema, nitajibu vilevile."