Nguo za Sikukuu Mwamgongo

Miaka ile ya vijiji vya ujamaa, kazi yangu ilikuwa kupakia filamu kwenye kamera. Tulifika kijiji cha Mwamgongo, kando ya ziwa, kwa boti ili tupige picha za wanawake wakianika dagaa. Tuliwakuta wamejipanga ufukweni wamevaa nguo za sikukuu, hakuna aliyeshika kitu.

"Mama zangu, tunawataka mkiwa kazini," mwongozaji alisihi.

"Baba, nani anapigwa picha na nguo za dagaa?" mmoja alimjibu. "Ili Dar es Salaam waseme Mwamgongo tunatembea uchi?"

Wenzake wakaangua kicheko. Mikanda ya filamu ikaishia kwenye picha za watu waliosimama wima. Ukabaki mkanda mmoja tu, na mwongozaji akaamuru tufunge vyombo.

Hapo mvua ikashuka kutoka milimani. Dagaa wa kijiji kizima walikuwa mchangani! Wanawake wakavunja mstari, wakatimka mbio kuwaanua.

"Pakia!" mpiga picha alinipigia kelele.

Nikaingiza mikono kwenye mfuko mweusi wenye kamera na ule mkanda wa mwisho, maana filamu ikiona mwanga imekufa. Nilipapasa gizani huku nikisikia mayowe na ndoo zikigongana. Nilipomkabidhi kamera, ikanguruma papo hapo.

Baada ya miezi, gari la sinema lilionyesha picha ile mtaa wa Katubuka, mjini. Vitenge vipya vilikuwa vimejaa mchanga, kila mtu kazini, na yule mama aliyemjibu mwongozaji alikuwa akitupungia mkono kwa hasira twende tukamsaidie. Umati ulilipuka kwa vicheko. Nilishangilia kuliko wote; ndiyo kwanza nami nilikuwa nauona mkanda ule niliopakia gizani.