Chuma cha Bi Mwanatumu

Hoteli za Diani zinapofanyiwa ukarabati, Twaiba wa Ukunda huwa amefika kabla ya vumbi kutua. Hununua vitanda, masinki, hata milango, akaviuza tena hadi Kombani. Wauzaji wanamjua: ukitaja bei mbele yake, umeshapoteza. Lakini juma hilo alipatikana mtu wa kumshinda, naye ni mamake mzazi.

Bi Mwanatumu alikuwa ametoka hospitali, nyonga imeungwa. Aliangukia msalani kwake akitia udhu: amevua kandambili, amesimama kwa mguu mmoja juu ya vigae vilivyorowa, wa pili ameuinua bombani auoshe, kama alivyofanya tangu usichana wake. Nesi Sanga hakumficha Twaiba. Akianguka tena, huenda asiinuke. Sakafu iwe kavu, miguu aioshe ameketi, na ukutani pawe na kitu cha kushika.

Vyuma vya kushikia Twaiba alikuwa navyo stoo, vizito, vya hoteli. Zulia la mpira mama alilikubali. Kiti alikikataa. Chuma ndicho hakutaka hata kukisikia.

"Hicho cha wagonjwa. Mimi nilianguka, sikufa."

Twaiba hakubishana. Mnunuzi akibembelezwa hujiona mfalme. Akakifunga chuma gazetini, akasema basi atampelekea jirani, Bi Fauzia, ambaye amekiulizia sana. Fauzia hakuwa amekiona hata ndotoni.

Mama akajifunga leso upya, polepole.

"Fauzia? Choo chake hata mlango hakina."

"Ataanza na chuma, mama. Mlango utafuata."

"Kirudishe hapa. Na huyo fundi wako asinibomolee ukuta."

Fundi Menza akatoboa, akakaza, kisha akaning'inia mwenyewe kwa kitambi chake chote. Ukuta ukastahimili.

Alasiri mama akaingia kutia udhu. Twaiba, jikoni, mwiko mkononi, akasikia maji, kisha mguu ukiteleza, kisha kimya. Akakimbilia msalani, akasukuma pazia.

Mguu mmoja wa mama ulikuwa hewani, wa pili umetoka zuliani, mwili umeenda upande. Lakini mkono ulikuwa umekikamata chuma hadi mishipa imesimama. Akajivuta, akanyooka, akashusha mguu chini.

"Lete hicho kiti," akasema bila kugeuka. "Na usinitolee macho."

Twaiba akakileta, akamsikia akiketi, maji yakaendelea. Aliporudi jikoni, wali ulikuwa umeshika chini. Akacheka peke yake, akaupakua hivyo hivyo.