Soli ya Tatu

Fundi viatu alikuwa ameshika kiatu cheusi kilichotoboka soli, lakini macho yake yalikuwa kwenye fomu ya mkopo mikononi mwa mdogo wake. Kiinua mgongo chote cha mdogo huyo kingewekwa dhamana ili afungue duka la viatu vipya, na benki ingefungwa baada ya saa moja.

“Riba imepanda, bei zimepanda. Nani atanunua?”

“Kaka, wewe unasoma magazeti ya kufungia viatu tu. Meneja wa benki kaniambia uchumi uko shwari.”

“Shika hiki. Naweka soli ya tatu mwaka huu. Zamani mtu wa cheo chake angeshanunua kingine.”

“Cha nani?”

“Cha meneja wako.”

Mdogo wake alipitisha kidole kwenye tundu, kikatokea upande wa pili. Akaikunja fomu bila kutia saini.