Talaka ya Mbele ya Kamera

Usiku ule hatukulala. Wazee walikuwa wameketi msikitini tangu baada ya isha, wakijadili kama binti yangu Mwanamkasi bado ni mke wa mtu au ameachika. Sisi wawili tulikuwa ukumbini, taa tumeishusha utambi, tukisikiliza kila kiatu kinachopita njiani. Mkasi, ndivyo nimwitavyo, alikuwa akishona kifungo cha koti la mumewe, kifungo ambacho hakikuwa kimekatika.

Mumewe alikuwa Idarusi, fundi cherehani wa Barabara ya Kumi na Mbili. Nimezaa watoto watano, lakini aliyenichekesha kuliko wote ni yule mkwe. Alikuwa akimpima mtu kanzu huku akiuiga mwendo wake, na mwenyewe asijue mpaka watu barazani waangue kicheko. Alimwiga karani wa stesheni, akamwiga muuza samaki, akaniiga mimi nikichungulia dirishani. "Mama akikohoa tu," alikuwa akisema, "wezi wote wa Ngamiani wanaitikia shikamoo." Nilimkaripia, kisha nikaingia ndani kucheka.

Mwaka wa hamsini na nne walikuja Wazungu wa picha za sinema. Walitaka picha ya kuwafundisha watu wasimalize mshahara kwa kamari, na walipomwona Idarusi barazani kwake hawakutafuta mwingine. Atakuwa mcheza kamari, atamwacha mkewe, kisha atajuta. Mke wa kwenye picha walikuwa naye tayari, msichana waliyekuja naye kutoka Dar es Salaam.

Hapo ndipo nilipotia mdomo. "Mkwe wangu hasimami na mwanamke wa watu," nilisema. "Kama lazima kuwe na mke, basi awe mkewe." Nilijiona nimefanya la maana. Mkasi mwenyewe hakutaka. Nilimvalisha kanga zangu za sandukuni, nikampeleka.

Picha ilipigwa uani kwa Sabiha, jirani yake Idarusi. Mkalimani wao, Ernesti, Mkristo wa Muheza, aliwaambia watumie majina yao wenyewe, wasije wakasahau. Idarusi akasimama mbele ya kamera, akakunja uso, akasema, "Mwanamkasi binti Kombo, nimekuacha." Mkasi akacheka. Mzungu akataka irudiwe. Mara ya pili mbuzi wa Sabiha akalia, ikarudiwa tena. Mara ya tatu ilikuwa nzuri mno. Uani kote kimya, na Mkasi machozi yakamtoka bila kuambiwa.

Nikasimama, nikamshika mwanangu mkono. Sikusoma sana, lakini tangu utoto nimesikia kwamba ndoa na talaka hazina mzaha.

"Mama, ni mchezo!" Idarusi aliniita, bado anacheka.

"Mchezo mara tatu, na kwa jina lake?"

Nikaenda naye kwangu, nikatia komeo. Wazee wakasema tungoje mpaka shekhe wa msikiti wetu, Shekhe Uweso, arudi kutoka Pangani.

Idarusi alikuja kila jioni. Siku ya kwanza alileta machungwa, akasimama nje akaiga sauti yangu: "Nani huyo? Ana nia gani?" Mkasi akacheka, nikamkazia macho. Siku ya nne hakumwiga mtu. Siku ya sita alisema taratibu, "Mama, miaka minne sijamwambia mwanao neno la kumliza. Watu wanapita, wananiona nimesimama hapa kama mwombaji. Nifungulie nimwone tu. Sitavuka kizingiti."

"Ngoja jibu."

"Na yeye anasemaje? Mkasi, unasemaje?"

Mkasi alifungua kinywa. Nikamziba kwa kiganja. Nilihisi midomo yake ikitapatapa mkononi mwangu kama samaki. Idarusi alingoja, akangoja tena, kisha nikasikia viatu vyake vinakwenda. Siku ya saba hakuja, wala ya nane. Nikajisemea, afadhali, ameanza kuwa na subira.

Ya tisa ndiyo ya ule usiku wa wazee. Alfajiri imekaribia, Shekhe Uweso, aliyerudi jioni ile, akabisha mwenyewe.

"Bi Asmahani," alisema, "mtu akisoma kitabuni talaka ya mwingine, amemwacha nani? Idarusi alikuwa akisimulia habari za mcheza kamari. Mwanamkasi bado ni mkewe. Ningekuwapo, ningekwambia siku ile ile."

Kabla hajamaliza, Mkasi alikwisha kuvaa baibui. Tulikwenda karibu kukimbia, koti analo mkononi. Mlangoni kwa Idarusi palikuwa na kufuli.

Sabiha akachungulia dirishani. "Kwani hamkujua? Wale wa picha wameondoka naye juzi kwa lori lao. Walitaka kwenda naye tangu mwanzo, akawakatalia kwa ajili ya mkewe. Juzi ananiambia, 'Sabiha, mimi ndiye niliyeachwa, sasa nakalia eda ya nini?' Nikacheka. Nilidhani anafanya mambo yake yale."

"Wamekwenda wapi?" nikauliza.

"Hakusema."

Mkasi hakunitazama. Kufuli analiona, lakini alisogea mlangoni, akabisha, akangoja. Akabisha tena. Nilitaka kumwambia mwanangu, twende, hamna mtu. Mkono wangu ulikwisha kunyanyuka kumshika. Nikaurudisha ndani ya kanga, nikamwacha abishe.