Shamari Iliyopandwa Mara Tatu

Nilianza kuipenda shamari dukani, si shambani. Mwenye duka la viungo pale Uriri sokoni ni mama wa Kiislamu aliyetoka Pwani zamani, na siku moja aliniona nimeshika tumbo lililojaa gesi. Alinichemshia chai yenye mbegu za shamari, za kijani zinazofanana na jira, ila utamu wake kama wa peremende. Kabla sijamaliza kikombe nilikuwa nimepata nafuu. Nikanunua pakiti moja, na nusu yake nikaiweka kando nipande.

Ilikuwa Januari, jua kali. Nilisia mbegu kwenye mkebe, na miche ilipofika urefu wa kidole nikaihamishia bustanini nyuma ya jikoni. Mingi ilinyauka. Michache iliyobaki ilikimbilia kutoa maua ya manjano kabla haijafika magotini, ikakauka bila mbegu ya maana.

Nilipomweleza yule mama wa duka, aliniuliza kwa upole ni nani aliyeniambia niihamishe. Nyanyake, alisema, alikuwa akiipanda papo hapo itakapokulia, kwa sababu mzizi wake huenda chini moja kwa moja na haupendi kuguswa. Tena haipandwi kiangazini. Akaniambia ningoje mvua zishike.

Basi nikangoja. Mwezi wa tatu, baada ya mvua ya pili kubwa, niliinua tuta, maana udongo wetu mweusi hutuamisha maji na shamari huoza ikikaa majini. Nilichanganya samadi ya ng'ombe iliyozeeka, nikachora mistari, nikafunika mbegu kwa udongo mwembamba kama unene wa kidole. Dania niliipanda upande wa pili kabisa wa bustani, kwa kuwa niliambiwa mbili hizi hazielewani. Baada ya wiki mbili hivi vilichomoza vijani vyembamba kama nyuzi. Kila asubuhi nilivitazama kabla ya kwenda shuleni kufundisha.

Mama mkwe wangu, ambaye tunaishi naye boma moja, hakuwa na habari. Alhamisi moja nilirudi kutoka shuleni nikakuta tuta safi, jeusi, halina hata jani. Yeye alikuwa ameketi mlangoni pake akisafisha jembe, na uso wake ulionyesha kwamba alikuwa akingoja shukrani. Nyasi zilikuwa zimeniingilia, alisema, na kwa vile mimi hushinda shuleni, alikuwa amenisaidia.

Niliingia jikoni nikaosha sahani zilizokuwa safi. Nilikuwa na hasira, na niliionea aibu hasira yenyewe, kwa sababu mama huyu ndiye aliyenilelea watoto watatu. Mwishowe nilitoka nikamwambia.

"Mama, zile hazikuwa nyasi. Nilizipanda mimi."

Aliweka jembe chini. Kisha akaniuliza, "Nyathina, nimeng'oa chakula chako?"

Neno hilo la Kijaluo, lenye maana ya "mwanangu", huwa halitumii ovyo. Nilimjibu kwamba si chakula hasa, ni dawa ya tumbo na kiungo cha samaki, na kwamba kosa lilikuwa langu kwa kutomwambia. Asubuhi yake, kabla sijavaa viatu, alikuja kuniomba mbegu zilizobaki.

Alizipanda mwenyewe siku hiyo, mvua zikiwa bado zimeshika. Nilimweleza yote niliyoambiwa, naye akaongeza yake: alichomeka vijiti kila mwisho wa mstari na kuzungusha miiba kuwazuia kuku. Ilipoota, ilibidi tupunguze miche, ubaki mmoja kila baada ya futi moja. Hapo alikataa katakata.

"Mimi nimeshang'oa ya kutosha," alisema. "Ng'oa wewe."

Nikaipunguza mimi, naye akasimama kando akiikusanya. Ile midogo tuliikatakata tukaitumia kupikia ngege, samaki wa ziwani kutoka Sindo. Alikula, akaomba tena mchuzi.

Aina hii haivimbi sana shinani kama ile inayopandwa kwa ajili ya shina lake. Tunaitaka kwa majani na mbegu. Ilirefuka hadi ikanipita begani, na viwavi wenye milia walipoitembelea, mama aliwaokota mmoja mmoja. Mwezi wa tisa vichwa vya mbegu vilianza kugeuka rangi kutoka kijani kwenda kahawia. Tulivikata kabla havijadondosha, tukaviweka ndani ya mifuko ya karatasi na kuvitundika jikoni.

Jumapili moja nilimwalika yule mama wa duka aje aione. Mama mkwe hujua Kiswahili cha sokoni tu, na cha mgeni kilikuwa cha Pwani, kwa hiyo nilikaa katikati nikitafsiri. Baada ya muda niligundua hawaningojei tena. Walikuwa wameinama tutani, mmoja akieleza kwa mikono, mwingine akijibu kwa Kijaluo, na wote wawili wakicheka.

Mvua za vuli zilipoanza, mama mkwe alipanda tuta la pili bila kuniuliza. Sasa jirani akija na tumbo linalomsumbua, haji kwangu, huenda kwake. Na mimi nikitaka majani ya kupikia samaki, hupita kwanza mlangoni pake kuomba.