Mwendo wa Pacha Wangu

Mimi na kaka yangu tulizaliwa siku moja, nje kidogo ya mji wa Shinyanga. Utotoni watu walitutofautisha kwa gauni langu tu. Ukubwani mimi nilishika kamera. Nilipiga video za harusi na sendofu ili nipate kula, na muda uliobaki nikatengeneza filamu fupi ambazo ndani yake nilikuwa peke yangu, nimejipaka majivu au udongo, nikiutazama mwili wangu kama wa mtu mwingine. Kaka alizicheka. Yeye alikwenda Geita kuchimba dhahabu.

Duara, kama wanavyoliita shimo la wachimbaji wadogo, liliporomoka wakati wa mvua. Waliokuwa karibu na mdomo walitolewa wazima. Yeye na wenzake wachache walikuwa chini kabisa, na kwa kuwa kifusi kilizidi kushuka, mwishowe watu waliacha kufukua. Tulikaa matanga bila mwili. Mama hakulia. Alisema hawezi kumlilia mtu ambaye hajamwona.

Baada ya mavuno ya pamba nilikwenda Geita na kamera yangu. Rafiki wa kaka, aliyekuwa akishuka naye shimoni, alinipa fulana, suruali ya kazi na mabuti ya mpira ambavyo kaka aliviacha kambini. Nikamwomba anionyeshe kaka alivyokuwa akitembea akitoka kazini. Alisita, kisha akatembea mbele yangu, mgongo umeinama, bega la kushoto limeshuka kwa sababu ya viroba vya mawe. Nikavaa zile nguo, nikajipaka vumbi la kijivu kutoka kwenye karasha, ile mashine ya kusagia mawe, nikawasha kamera na kutembea vilevile kuelekea kwenye kifusi. Wachimbaji waliokuwa wanakunywa uji wakaweka vikombe chini. Mmoja akaondoka. Yule rafiki alichuchumaa, macho chini, mpaka nilipomaliza.

Nyumbani nilimwonyesha mama ile video. Aliitazama yote, akaomba irudiwe. Ndipo akasema mkono wa kulia haukuwa unakaa hivyo; kaka alizoea kuushikiza kwenye mkanda. Nikafanya mazoezi uani huku akinirekebisha, mpaka akaridhika.

Tangu hapo mwendo ule ukawa unanijia bila kuuita. Siku moja sokoni muuza dagaa aliniita kwa nyuma kwa jina la kaka. Nilipogeuka, kopo la kupimia lilimponyoka. Nikipita kwenye vioo vya maduka nilikuwa nageuza uso.

Asubuhi moja mama aliniomba nivae zile nguo, nitoke nje, halafu niingie kama kaka. Kamera niliiacha. Nilipoingia hakushtuka. Alinisalimu kwa Kisukuma, mwangaluka, kwa sauti aliyoitumia kwa kaka tu, akaniwekea ugali na maziwa mgando. Nilikula kama kaka alivyokuwa akila, harakaharaka, bila kuinua kichwa.

"Umekonda," akasema.

Nikamega tonge jingine. Sauti ya kaka ndicho kitu nilichokuwa sina.

"Dada yako anakutafuta sana. Hali chakula, halali usingizi. Mwambie akuache. Na mimi nitakuacha."

Nilibaki nimekaa pale na mikono ya kaka mapajani, nikiogopa kwamba nikijitikisa kidogo tu atakuwa amekufa tena. Mama alinisubiri. Kisha akaniita kwa jina langu mwenyewe, akasema nivue nguo azifue. Alizifua akilia, kilio ambacho hakikutoka wakati wa matanga, hadi majirani wakaja kuuliza kuna msiba gani.

Zilipokauka tulizizika pembeni ya kaburi la baba. Yule rafiki alikuja na basi kutoka Geita, akachimba mwenyewe na kukataa kupokewa koleo. Katekista alisali kwa kifupi, ingawa alituambia hana hakika kama inaruhusiwa.

Filamu niliimaliza. Niliionyesha kwanza kwa wachimbaji wenyewe, jioni, kwenye shuka lililotundikwa ukutani pa mgahawa. Ilipokwisha hakuna aliyepiga makofi, na sikutarajia. Nilipokuwa nakunja nyaya, mwanamke mmoja alinisogelea na mfuko. Ndani mlikuwa na shati la mumewe, aliyebaki chini pamoja na kaka yangu.

"Alikuwa anachechemea kidogo," akasema. "Nitakufundisha."

Nilitaka kumweleza yaliyotukuta nyumbani, mimi na mama, jinsi ilivyokuwa vigumu kumtoa yule tuliyemwingiza. Lakini alikuwa ameshaliweka shati mikononi mwangu, akilikunjua kola. Nikalipokea.

Mpaka leo sijalivaa. Ila yule mwanamke hunipigia simu, nami sikati, akinieleza kidogo kidogo jinsi mumewe alivyokuwa akivua viatu mlangoni, na jinsi alivyokuwa akikohoa kabla ya kuingia.